Siri ya Nyumba Mbele ya Hakimu

Wahenga walisema nyumba njema si mlango, fungua uingie ndani. Methali hii hutumiwa aghalabu kumwonya mtu asidanganywe na uzuri wa nje. Lakini ndani yake limo pia swali ambalo wataalamu wa elimu ya jamii wamehangaika nalo kwa muda mrefu: ni nani mwenye haki ya kuufungua mlango huo? Mtafiti mwenye kibali huingia shuleni, hospitalini, kiwandani, hata gerezani, akiwa na daftari lake mkononi. Nyumba haiingiliki hivyo. Akibisha hodi atakaribishwa, atapewa kiti na kikombe cha chai, na ataonyeshwa yale ambayo mgeni huonyeshwa. Ugomvi utangoja mpaka aondoke.

Kwa sababu hiyo historia ya ukatili wa nyumbani ni ngumu kuandikwa. Mfalme aliyeshindwa vitani huandikwa na wanahistoria wake, na wa adui yake pia. Mke aliyepigwa jikoni kwake hana wa kumwandikia tarehe. Majirani walisikia, lakini majirani hawaandiki. Mama yake alijua, lakini alimwambia avumilie. Mahali ambapo mambo haya hutamkwa kwa sauti, yakasikilizwa na mtu asiye wa ukoo, na pengine yakawekwa katika maandishi, ni mahakamani.

Katika insha hii tutaeleza kazi ya mwanamke mmoja wa Iran, Ziba Mir-Hosseini, ambaye alipitia mlango wa mahakama ili aingie nyumbani. Alipita mara ya kwanza kwa kalamu, na mara ya pili kwa kamera ya filamu. Pengine msomaji atauliza mambo ya Tehran yanahusu nini utamaduni wetu. Hatutaki kumjibu kwa kutaja Washirazi, ijapokuwa watu wengi wa pwani yetu tangu zamani wamejinasibisha na Shirazi, na lugha yetu imepokea kutoka Kiajemi maneno makubwa kama bandari na serikali. Jibu letu ni jepesi zaidi. Mahari, talaka, eda, wali na kadhi ni maneno ambayo mtoto wa Lamu, Tanga au Unguja huyasikia kabla hajaanza shule, na ndiyo maneno hayo hayo wanayogombania watu katika filamu tutakayoizungumzia. Hata mwalimu wa bara ambaye ndoa za kwao hufungwa kwa ng'ombe atayatambua, maana hoja za waume na majibu ya wake hazina kabila.

Mir-Hosseini alisoma sosholojia katika Chuo Kikuu cha Tehran, akapata shahada yake ya kwanza mwaka 1974. Kisha alikwenda Uingereza, na mwaka 1980 Chuo Kikuu cha Cambridge kikampa shahada ya udaktari katika elimu ya jamii na mila za watu. Alirudi kwao wakati mapinduzi ya mwaka 1979 yalikuwa bado ya moto. Yeye mwenyewe ameeleza hadharani kwamba ndoa yake ilivunjika katika miaka hiyo, na kwamba alilazimika kujifunza sheria za ndoa si kwa ajili ya mtihani bali kwa ajili ya kujinusuru. Tunalitaja jambo hili kwa sababu linaeleza jinsi anavyowatazama wanawake wa mahakamani. Hawaangalii kama daktari anavyomwangalia mgonjwa. Anawaangalia kama mtu aliyewahi kukaa juu ya benchi lile lile akingoja jina lake liitwe.

Katika miaka ya 1980 alikaa katika mahakama za Tehran, na baadaye katika mahakama za Morocco, akisikiliza mashauri ya ndoa. Matunda ya kazi hiyo yalikuwa kitabu chake kuhusu ndoa mahakamani katika nchi hizo mbili, kilichotolewa mwaka 1993. Kitabu hicho husomwa na wanasheria na wanavyuo. Hoja yake kubwa, ikisemwa kwa maneno mepesi, ni hii: watu wanapokwenda mahakamani hawasemi kile kinachowauma; husema kile ambacho sheria inakisikia.

Ili hoja hiyo ieleweke, hatuna budi kueleza kidogo mkondo wa sheria ya ndoa nchini Iran. Kwa mujibu wa Sheria ya Madai ya nchi hiyo, iliyotungwa kati ya mwaka 1928 na 1935, mume aliweza kumwacha mkewe wakati wowote apendapo. Mwaka 1967, wakati wa utawala wa Shah, ilipitishwa Sheria ya Kulinda Familia, ambayo ilimtaka mume naye apite mahakamani, na ikampa mke sababu nyingi zaidi za kuomba talaka. Sheria hiyo iliandikwa upya mwaka 1975. Baada ya mapinduzi ya 1979 iliwekwa kando, na mahakimu wanawake wakaondolewa katika viti vyao. Mmoja wao alikuwa Shirin Ebadi, aliyekuja kupewa Tuzo ya Nobel ya Amani mwaka 2003. Lakini mto huo haukurudi moja kwa moja kwenye chemchemi yake. Serikali mpya ilikuwa imewaita wanawake barabarani wakati wa mapinduzi, na wanawake hao hawakukubali kurudi kimya. Mwaka 1992 zilitungwa kanuni mpya. Kila talaka ilipaswa kupitia mahakamani na kwa wasuluhishi wawili, mmoja wa upande wa mume na mmoja wa upande wa mke. Tena, mume akimwacha mkewe pasipo kosa la mke, mke aliweza kudai ujira wa kazi za nyumbani alizozifanya katika miaka ya ndoa.

Juu ya hayo kulikuwa na mahari. Hapa inafaa kusimama kidogo, kwa sababu neno hili hubeba maana mbili katika nchi yetu. Katika sehemu nyingi za bara mahari ni mali inayotolewa na upande wa mume kwa wazazi wa binti. Katika sheria ya Kiislamu mahari ni haki ya mke mwenyewe. Nchini Iran kiasi chake huandikwa katika mkataba wa ndoa, mara nyingi kwa sarafu za dhahabu, lakini kwa kawaida hakilipwi siku ile. Hubaki ni deni shingoni mwa mume, na mke anaweza kulidai wakati wowote. Ndoa ikiwa na amani hakuna anayelikumbuka. Ndoa ikiharibika, deni hilo huwa silaha ya mke, na wakati mwingine ndiyo silaha pekee aliyo nayo. Mwaka 1997 Bunge la Iran lilipitisha sheria kwamba mahari yaliyoandikwa kwa fedha yahesabiwe kufuatana na kupanda kwa bei, ili mwanamke aliyeolewa zamani asije akalipwa fedha isiyotosha kununua mkate.

Basi katika hali hiyo Mir-Hosseini alikutana na Kim Longinotto, mtengeneza filamu wa Uingereza. Longinotto alikuwa amechoshwa na sura mbili za Iran zisizopatana. Katika habari za televisheni za Ulaya, Waajemi walionekana ni watu wa kupiga makelele na kukunja ngumi. Katika filamu za kubuni zilizotengenezwa na Wairani wenyewe walionekana ni watu wapole, wenye mzaha na utu. Wanawake hawa wawili walikubaliana kutengeneza filamu ya hali halisi kuhusu talaka, ndani ya mahakama moja ya Tehran.

Kupata kibali kulikuwa kazi kuliko kupiga picha. Walianza kuomba mwaka 1996, wakakataliwa. Maofisa waliohusika hawakuwa watu wabaya. Walikuwa na hofu ambayo mtu yeyote aliyewahi kukaa katika kamati ya utamaduni ataielewa: kwa nini, miongoni mwa mambo yote mazuri ya taifa, mchague talaka? Kwa nini mwoneshe wageni nguo zetu chafu? Mir-Hosseini alijibu kwamba sura njema na sura mbaya hutegemea anayetazama. Kwamba mwanamke anayesimama mbele ya hakimu na kudai haki yake kwa ufasaha ni sura ya heshima. Majadiliano hayo yalichukua muda mrefu. Baada ya Mohammad Khatami kuchaguliwa Rais mwezi Mei 1997, hali ya hewa ilibadilika, na kibali kikapatikana. Mwishoni mwa mwaka huo kikundi kidogo cha wanawake kiliingia mahakamani: Longinotto akishika kamera, mwenzao akishughulika na sauti, na Mir-Hosseini akizungumza na watu kwa lugha yao na kuwaomba ridhaa. Mwaka 1998 filamu ilikamilika, ikapewa jina la Divorce Iranian Style, yaani Talaka kwa Mtindo wa Iran. Huchukua dakika 80 hivi.

Filamu yenyewe haina fahari. Sehemu kubwa yake imo katika chumba kimoja. Hakimu, ambaye ni shehe mwenye kilemba, ameketi nyuma ya meza. Upande mmoja yupo karani mwanamke aliyekwisha kutumika miaka mingi katika kazi ile. Na wenye mashauri wameketi kwenye viti karibu kabisa na meza, kiasi kwamba mume na mke wanaogombana karibu wagusane mabega. Maelezo ya msimulizi ni machache. Mtazamaji anaachiwa asikilize mwenyewe.

Anachokisikia kwanza ni kelele. Yeyote aliyetazamia kuwaona wanawake waliofunikwa nguo nyeusi wakilia kimya atapotezwa dira. Wanawake hawa wanasema. Wanabembeleza, wanakatiza maneno, wanataja vifungu, wanaapa, wanacheka, wanawatolea waume zao siri ambazo wanaume wale hawakudhani zingesikiwa na mtu wa tatu. Hakimu ni mtu mstahimilivu, na kwa njia yake ni mtu mwema. Lakini wema wake wote una lengo moja, nalo ni kumrudisha mke nyumbani. Huwashauri wanawake wajipambe kwa ajili ya waume zao. Huwataka wafikirie watoto. Mwalimu aliyewahi kuhudhuria baraza la usuluhishi la kata yake ataujua wimbo huo bila kufundishwa.

Yupo msichana wa miaka 16 aliyeolewa na mwanamume aliyemzidi umri kwa mbali. Anataka talaka, anataka mahari yake, na anataka kurudi shuleni. Wazee wa pande mbili wanaketi kusuluhisha, na yeye, mdogo kuliko wote, anapigania hesabu yake kama mfanyabiashara mzoefu. Yupo mwingine ambaye sababu pekee inayoweza kumtoa katika ndoa ni kwamba mumewe hana nguvu za kiume. Basi analazimika kulisema jambo hilo mbele ya wanaume, mara moja na tena, mpaka aibu yenyewe inachoka. Yupo wa tatu ambaye hakuja kutaka talaka hata kidogo. Amemleta mumewe ili hakimu amtie adabu, kisha warudi kwao. Kwake mahakama ni fimbo iliyoazimwa.

Na yupo mama aliyeolewa tena, anayepigania binti zake. Kwa sheria ya wakati ule mama aliyeachwa aliweza kukaa na mtoto wa kiume mpaka umri wa miaka miwili, na wa kike mpaka miaka saba, naye akiolewa na mume mwingine hupoteza haki hiyo. Mama huyu hana sheria yoyote upande wake. Anajaribu upole, anajaribu machozi, anajaribu hasira. Anachana hati ya mahakama, kisha anakana kwamba hakuichana. Karani anamkasirikia. Mtazamaji naye anajikuta katika hali isiyostarehesha, maana anajua mama huyu anasema uongo, na anajua vilevile kwamba ukweli haungemsaidia kitu. Kwa maoni yetu hiki ndicho kipande chenye uzito kuliko vyote. Mtengenezaji dhaifu angekiondoa, ili mama abaki safi na kesi yake iwe nyepesi kutetewa.

Kuna mtu mmoja zaidi ambaye watazamaji wote humkumbuka. Karani alizoea kuja kazini na binti yake mdogo. Mtoto huyu amekulia katika chumba kile, akisikiliza ugomvi wa wakubwa baada ya masomo yake. Siku moja hakimu ametoka, na mtoto anakipanda kiti chake. Anagonga meza, anatuliza baraza, na kuanza kumkemea mume asiyeonekana kwa jinsi anavyomtendea mkewe. Sauti ni ya hakimu, mikono ni ya hakimu, ila hukumu ni yake mwenyewe.

Sasa tuangalie suala la kipigo. Katika mashauri haya kipigo kimo, lakini mara chache ndicho kinachotajwa juu ya hati. Mwanamke anadai mahari; ukimsikiliza kwa makini, wakati wa kueleza anasema kwa kupitia tu kwamba alipigwa. Mwingine anadai matunzo; kipigo kinatokea katikati ya sentensi, kama mtu anayetaja hali ya hewa ya siku ile. Si kwamba wanaona ni jambo dogo. Kifungu cha 1130 cha Sheria ya Madai kiliruhusu mke apewe talaka iwapo kuendelea na ndoa ni dhiki na mateso kwake, lakini ilikuwa kazi ya mke kuthibitisha, na ilikuwa hiari ya hakimu kuamua ni kipigo cha namna gani kinafikia dhiki. Kofi moja? Mkono uliovunjika? Mara ngapi? Na nani aliona, nyumba ikiwa imefungwa? Mahari, kwa upande mwingine, yameandikwa kwa wino, yana kiasi na yana saini. Kwa hiyo mwanamke mwenye akili huacha jeraha lake na kushika karatasi yake. Mtafiti anayehesabu mashauri kutoka katika majalada peke yake ataandika kwamba wanawake wa Tehran waligombania dhahabu. Kamera inaonyesha walichokuwa wakikigombania.

Mwaka 2002 kifungu hicho cha 1130 kiliongezewa maelezo, na kipigo au mateso ya kudumu ambayo mke hawezi kuyavumilia yakatajwa kwa jina miongoni mwa mifano ya dhiki. Hatudai kwamba filamu ndiyo iliyoleta badiliko hilo. Wanawake wa Iran walikuwa na wanasheria wao, magazeti yao na wabunge wao.

Katika Tanzania Bara neno hilo lilikuwa limekwisha kuandikwa zaidi ya miaka 30 kabla ya hapo. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, katika kifungu cha 66, ilitamka kwamba hakuna mtu aliye na haki ya kumwadhibu mwenzake wa ndoa kwa kumpiga, hata kama mila inasema vinginevyo. Wanafunzi wanaosoma uraia hawana budi kukijua kifungu hicho, kwa kuwa wapo watu wazima wengi ambao bado huapa kwamba kinyume chake ndicho sheria. (Zanzibar, kama ijulikanavyo, haimo katika sheria hiyo, mambo ya ndoa za Waislamu huko huamuliwa na Mahakama za Kadhi.) Hata lile suala la ujira wa kazi za nyumbani, ambalo Iran ililishughulikia mwaka 1992, lilikuwa limefika mbele ya Mahakama ya Rufani ya Tanzania mwaka 1983, katika shauri maarufu la Bi Hawa Mohamed na Ally Sefu. Jaji Mkuu Francis Nyalali na wenzake walikubali kwamba kupika, kulea na kutunza nyumba ni mchango wa mke katika mali ya ndoa. Bi Hawa mwenyewe hakupata nyongeza katika shauri hilo, kwa vile mahakama iliona amekwisha kupokea fungu lake. Lakini waliokuja nyuma yake walipita katika njia aliyoifyeka.

Jambo la ajabu ni kwamba katika mwaka ule ule wa 1998, filamu ilipotoka, mtafiti mwingine alitoa kitabu kuhusu pwani yetu wenyewe chenye habari zinazofanana nayo mno. Susan Hirsch, Mmarekani aliyejifunza Kiswahili, alikaa katika mahakama za kadhi za Mombasa na Malindi katika miaka ya 1980, akasikiliza na kurekodi mashauri. Alianza na picha ambayo kila mtu anayo: mume Mswahili ni wa kutamka, hasa kutamka talaka, mke ni wa kuvumilia. Alichokikuta mahakamani ni kwamba wengi wa wadai walikuwa wanawake, na mara nyingi walishinda. Ushindi huo ulikuwa na gharama yake. Mwanamke wa pwani aliyelelewa vema hafichui mambo ya ndani. Ili apate haki yake ilimbidi ayafichue, na kwa kufanya hivyo alijihatarisha kuonekana mwanamke asiye na haya. Haki na heshima zilimvuta huku na huku. Wale wanawake wa Tehran hawakujua kwamba wana ndugu Malindi, lakini msomaji akiziweka kazi hizi mbili pamoja ataona ni mazungumzo yale yale kwa lugha mbili.

Turudi kwenye filamu. Ilipata sifa nyingi Ulaya na Marekani, na nchini Uingereza ikatunukiwa tuzo ya BAFTA ya filamu za hali halisi. Lakini sifa si hoja, na inafaa tuseme mapungufu yake. Kwanza, ridhaa inayotolewa katika ukumbi wa mahakama ni ridhaa ya namna gani? Mtu aliye katika dhiki hukubali mengi, na pengine wapo waliodhani kwamba mbele ya kamera hakimu atawasikiliza zaidi. Watengenezaji waliwaomba watu ruhusa, na kwa hakika wapo waliokataa. Hata hivyo swali linabaki, na kila atakayekwenda na kamera katika mahakama zetu atalikuta mlangoni. Pili, tunawaona tu wale waliofika. Mwanamke aliyefungiwa ndani, au asiye na nauli, au aliyetishwa na kaka zake, hayumo. Filamu ya mahakama, kwa maumbile yake, ni filamu ya wajasiri.

Inaonekana watengenezaji wenyewe waliliona pengo hilo, kwa maana filamu yao ya pili, Runaway, ya mwaka 2001, inahusu wale wasiokuwa na mahakama ya kukimbilia. Hao ni wasichana waliotoroka makwao na kupokelewa katika nyumba moja ya hifadhi mjini Tehran. Hapa ukatili si wa mume, bali wa baba, wa baba wa kambo, wa kaka. Hakuna mkataba wenye saini, hakuna mahari ya kudai. Msichana aliyeolewa ana karatasi; msichana asiyeolewa hana kitu ila maneno yake, na maneno ya mtoto dhidi ya mzazi ni mepesi katika mizani ya jamii yoyote tunayoijua.

Nyumba ile ya hifadhi inaendeshwa na wanawake shupavu, wanaowasikiliza wasichana kwa huruma na kuwakaripia wazazi bila woga. Wasichana nao hufanyiana udugu upesi. Wanasukana nywele, wanalia pamoja, wanasimuliana mambo ambayo hawakuwahi kumweleza mtu. Lakini hifadhi haikujengwa iwe makao. Mzazi huitwa, hukalishwa, huulizwa. Mara nyingi hukana kwanza, kisha hukubali kidogo, kisha huahidi. Ahadi huandikwa. Wasichana wengi wanarudishwa kwao kwa njia hiyo, na mtazamaji anaachwa akiikumbuka karatasi ile ya ahadi: haina kiasi cha dhahabu kilichoandikwa juu yake, wala hakuna hakimu atakayeidai. Msichana anakusanya nguo zake, anawakumbatia wenzake mmoja mmoja, na kutoka nje pamoja na mtu aliyekuwa amemkimbia.